Togwa ya Wifi Coleta

Watu wakimtaja wifi yangu Coleta siku hizi wanasema alikuwa mama mpole, mnyamavu, hakuwahi kumkosea mtu. Uongo mtupu! Mimi nilimjua miaka ishirini na sita. Upole aupate wapi? Siku ya kwanza nilipoingia kwenye ukoo wao nikiwa bibi harusi alifunua vyungu vyangu kimoja kimoja, akanusa, akasema, "Haya, mdogo wangu hatakufa njaa, ila kunenepa asahau." Huyo ndiye Coleta. Wanaotaka kumzika mara ya pili kwa sifa ambazo si zake wanipishe.

Nina hasira, ndiyo. Nina hasira na watu wengi na nitawataja wote. Anayestahili kutajwa kwanza nitamtaja mwisho, na mtaniwia radhi.

Coleta alikuwa mtoto wa kwanza kwao, mume wangu Isdori alikuwa kitinda mimba. Waliozaliwa katikati walizikwa wangali wadogo. Mama yao alipofariki Isdori hata kutembea vizuri alikuwa hajui, na Coleta alikuwa na miaka kumi na miwili. Akamfunga mgongoni. Alienda naye shambani, kisimani, kanisani, na akamlea kwa togwa ya ulezi aliyoipika mwenyewe. Hapo nieleze jambo moja kwa wasiotujua sisi wa Ufipa. Togwa kwetu si chakula. Mtu anaweza kushinda anakunywa togwa kutwa nzima, jioni ukimuuliza atakuambia tangu asubuhi hajatia kitu mdomoni, na hadanganyi. Chakula ni ugali. Togwa ni kinywaji, kama maji, ila tamu na nzito. Likumbukeni hilo.

Aliolewa bondeni, Kaoze, akafiwa na mume mapema, akakataa kurudi kwao. Alilima ulezi na mahindi peke yake na jembe lake la mpini mfupi. Ushirika ulipokufa na soko huria likaingia, wafanyabiashara wakaanza kushuka bondeni na maroli na magunia yao ya lumbesa, yale yanayojazwa mpaka mdomo haufungi, kisha yanashonewa kilemba juu. Mmoja alifika kwa Coleta, akajaza, akaanza kushona kilemba. Coleta akapanda juu ya gunia akakaa. "Gunia lina mdomo," akamwambia, "na mdomo unafungwa. Wewe wako mbona umekushinda?" Alikaa pale mpaka yule bwana akakubali kupunguza. Huyo ndiye mnaniambia alikuwa mnyamavu!

Kila mwaka baada ya mavuno alipanda kwetu Katandala, Sumbawanga mjini, kwenye roli la Masalu, dereva wa njia ya Kaoze, akiwa na debe la ulezi na kidumu cha togwa kwa ajili ya mdogo wake. Tuligombana siku zote alizokaa, na siku ya kuondoka tulilia wote wawili. Ndivyo tulivyokuwa.

Sasa Isdori. Yeye alikuwa karani wa ghala la ushirika hapa Sumbawanga. Ghala lilipofungwa akaweka kibanda cha kutengeneza baiskeli. Mwenzake wa ghalani, Polikarp, aliyekuwa akipima mbolea, akafungua duka la dawa. Ndiyo, msishangae! Jana mbolea, leo koti jeupe, maana enzi zile kila biashara ilikuwa ruksa. Isdori alipoanza kuona damu chooni hakuniambia mimi mkewe, alimwambia Polikarp. Na Polikarp, bila kumgusa, bila kumpima, akasema, "Bawasiri hiyo, kaka," akampa dawa ya kupaka. Ikiisha, nyingine. Mwaka mzima na miezi miwili! Mtu anavuja damu, na rafiki yake anamuuzia mafuta ya kupaka.

Nilijuaje? Nilimkuta alfajiri anafua chupi zake nyuma ya nyumba. Mwanamume wa miaka arobaini na minane, ambaye hajawahi kusuuza hata kikombe, anafua! Nikasema moyoni, kumbe, kuna mwanamke. Nikamnyang'anya beseni nione ushahidi. Maji yalikuwa mekundu.

"Baba Jovina, hii nini?"

"Bawasiri tu."

"Nani kasema?"

Aliponitajia Polikarp nilikwenda dukani pale na lile beseni kichwani, nikamwaga mlangoni. Wateja wakakimbia. Mpaka leo ananipita barabarani ameangalia upande wa pili, na afanye hivyo hivyo.

Hospitali walimpiga picha ya tumbo wakaona kitu kwenye utumbo mpana. Daktari wa pale alinieleza vizuri na namshukuru kwa hilo. Alisema ni nyama iliyoota kwenye ngozi ya ndani ya utumbo. Kuna zinazoning'inia kama tunda, hizo ni rahisi, lakini hii ilikuwa imelala bapa na kutambaa, pana kuliko mdomo wa kikombe. Nyama hizo haziumi. Zinakaa miaka zikitoa damu kidogo kidogo, halafu siku moja zinageuka kansa. "Ikitolewa kabla haijaota mizizi, mama, tumbo halipasuliwi. Ikishaota mizizi, ni kisu, na kisu chenyewe hatuna hakika nacho." Akaongeza kuwa yupo bingwa, Daktari Obed, anapanda kutoka Dar es Salaam mara mbili kwa mwaka, mwezi wa sita na wa kumi na mbili, na mashine yake kwenye masanduku. Anafanya kazi wiki moja, Ijumaa mchana anaondoka. Isdori akaandikwa Alhamisi.

Utumbo lazima uwe safi kabisa siku hiyo. Walinipa karatasi ya maelekezo, yote Kiingereza, kana kwamba nilizaliwa Ulaya. Afadhali muuguzi Fortunata alikaa nami chini. "Kuanzia Jumanne mchana asile kitu. Anywe maji, chai ya rangi, maji ya sukari, na dawa ya kuharisha. Kipimo ni hiki, mama: kimimine kinywaji kwenye glasi, shika glasi, tazama. Ukiviona vidole vyako upande wa pili, anywe. Usipoviona, asinywe." Nikasema nimeelewa. Na nilikuwa nimeelewa kweli.

Jumatano mchana wifi akatokea wodini, amefunikwa vumbi la barabara ya mteremko wote ule, kidumu mkononi. Alikuwa amesikia kwa Masalu kuwa mdogo wake amelazwa. Isdori alikuwa amelala, midomo imekauka, ameharisha mpaka macho yameingia ndani. Coleta akamshika paji la uso, akanitazama mimi kama vile nimemnyonga.

Mimi nilikuwa nakimbilia nyumbani kuchukua blanketi, maana mwezi wa sita baridi ya Sumbawanga haina huruma. Nikamwambia nikiwa mlangoni, "Wifi, kaa naye. Wamesema asile kitu. Anywe tu." Nikatoka.

Asubuhi ya Alhamisi wakamwingiza. Ile mashine ni mpira mrefu wenye taa na kamera mbele, unapitishwa kwa nyuma. Ndiyo, huko huko unakofikiria, na ukiona aibu ziba masikio, aibu ndiyo iliyokaribia kumuua mume wangu. Haikupita muda nikaitwa ndani. Daktari Obed, mtu mrefu mwenye sauti ya chini, akanionyesha kwenye televisheni ndogo. Tope. Tope la kahawia limeganda kuta zote, na chengachenga za maganda ya ulezi.

"Mama, huyu amekula uji?"

"Hajala kitu!"

"Nyama ninayoitafuta imelala bapa. Chini ya hili tope siwezi kuuona ukingo wake. Nikikata bila kuona, natoboa utumbo." Akautoa mpira. "Leo haiwezekani."

Nilitoka nje kwenye varanda. Coleta alikuwa amekaa sakafuni, kidumu kitupu pembeni yake. Nikakiangalia kidumu. Nikamwangalia yeye.

"Umempa togwa?"

"Ulisema asile, sikumlisha. Ulisema anywe, nikamnywesha. Mtoto alikuwa anakufa kwa kiu, wewe humwoni?"

Jamani, damu ilinipanda kichwani. Nilisema mbele ya wagonjwa, mbele ya wauguzi, mbele ya watu wa Kirando waliokuwa wameleta maiti yao. Nilimwita mchawi. Nilimwambia alizika wadogo zake wote na sasa anataka kummalizia na huyu wa mwisho. "Usikanyage tena nyumbani kwangu! Siku nitakayokuona Katandala nitakupiga na mwiko!"

Coleta, ambaye aliwahi kumshinda yule mfanyabiashara wa lumbesa, hakujibu. Akaokota kidumu, akakung'uta kanga yake, akatoka getini. Nilidhani ni hatia imemfunga kinywa. Nikafurahi, Mungu anisamehe.

Nilimrudia daktari. Sikumwomba vizuri, sijui kuomba vizuri. Nilisimama mlangoni kwake nikamwambia hatoki humo mpaka aseme kesho. Orodha ilijaa, akasema. Nikamwambia basi aamke mapema zaidi, mbona sisi wakulima tunaamka? Akanitazama, akacheka kidogo. "Saa kumi na mbili asubuhi. Na leo umlinde mwenyewe." Nilimlinda. Hata kuku hangepita na tone la kitu.

Ijumaa kazi ikafanyika. Baadaye Daktari Obed alinieleza kwa kutumia kitanda cha wodini. Akashika shuka. "Ngozi ya ndani ya utumbo ni kama hili shuka, na chini kuna ukuta wenyewe, ndio godoro. Ile nyama imeota kwenye shuka. Napiga sindano ya maji yenye rangi ya bluu katikati, shuka linanyanyuka na nyama yake juu. Naizungushia kitanzi cha waya wenye umeme, nakata. Nakata shuka, sitoboi godoro." Nyama ya Isdori ilikuwa pana, akaikata vipande vinne, akavitoa vyote kwenda kupimwa. Majibu yalikuja baadaye kutoka Dar: haikuwa imegeuka. Baada ya siku mbili tu Isdori alikuwa amerudi nyumbani, tumboni hana hata mkwaruzo.

Lakini kabla ya kufunga masanduku yake ile Ijumaa daktari aliniambia mambo mawili. La kwanza, nyama iliyokatwa vipande inaweza kuchipua, kwa hiyo Isdori arudi mwezi wa kumi na mbili aangaliwe. La pili, "Ana ndugu wa tumbo moja?"

"Dada mmoja."

"Ana umri gani?"

"Sitini hivi."

"Nyama hizi hutembea kwenye damu ya familia. Nikirudi, naye aje, hata kama haumwi chochote. Utamwambia?"

"Nitamwambia," nikasema.

Sikumwambia.

Haya, nimeshafika. Masalu na roli lake walikuwa wanapita mbele ya mlango wangu kila wiki. Nilikuwa namwona. Nilikuwa namsalimia, namuuliza barabara ikoje, mvua imefika bondeni au bado. Maneno mawili tu yangetosha: mwambie wifi aje apimwe. Hayakunitoka. Kila nikitaka kuyasema naliona lile tope kwenye televisheni, roho inanichemka, nasema moyoni, aje yeye kwanza aombe radhi. Mimi ndiye niliyekosewa. Mkubwa asiyejua kosa lake atafundishwa na nani?

Isdori aliniuliza, "Dada umempelekea habari?"

"Nimepeleka."

Mwezi wa kumi na mbili daktari akaja, akamwangalia Isdori. Pale palipokatwa pamebaki kovu jeupe, safi. Tukashangilia. Daktari akatazama nyuma yetu. "Dada yuko wapi?"

"Yuko shambani, msimu wa kulima huu," nikajibu kabla Isdori hajafungua mdomo.

"Basi mwezi wa sita, asikose."

Wanasema hasira hasara. Mimi neno hilo nilikuwa nikilisikia nacheka, nikidhani hasara ni sahani ya kuvunja.

Mwezi wa tano wa mwaka uliofuata Masalu akasimamisha roli, akanishushia kifuko cha unga wa ulezi. "Kutoka kwa wifi yako. Kasema nikwambie hivi: huu ni unga, sio togwa, kwa hiyo usimpige mtu na mwiko." Nikacheka, siwezi kukataa, nikacheka mpaka nikakaa chini. Masalu hakucheka. "Mama Jovina, yule mama amekwisha. Kanga inamzunguka mara mbili."

Nilishuka na roli lile lile. Niliwakuta majirani wanamvunia. Coleta alikuwa kwenye mkeka, mifupa mitupu, na ukutani kwenye kijishimo nikaona vibomba vya dawa ya kupaka, vile vile vya Polikarp, vimepangwa safu. Mwaka mzima wa kupaka. Alikuwa anamtuma mtu mjini avinunue kwenye duka lililo hatua mia tatu kutoka mlangoni kwangu.

"Shikamoo, wifi."

"Marahaba. Umekuja na mwiko?"

"Mbona hukusema unaumwa?"

"Nimwambie nani? Ulisema nisikanyage."

Tulimpandisha mjini, na debe lake la ulezi. Wiki ya daktari ilipofika Fortunata akatupa maelekezo yale yale. Safari hii nilimweleza wifi kila neno, glasi, vidole, yote. Alinisikiliza mpaka mwisho, halafu akaniuliza taratibu, "Hili la vidole uliambiwa lini?"

"Mwaka jana."

"Kabla sijafika na togwa?"

"Kabla."

Alichukua glasi ya maji, akaiinua dirishani, akatazama. "Naviona vyote vitano," akasema, akanywa. Siku mbili hakula punje. Kila kikombe nilichompa alikiinua dirishani kwanza, hata maji matupu ya bomba, na kila mara akavihesabu vidole vyake kwa sauti ili nisikie.

Daktari Obed alipotoka mle ndani alitukuta mimi na Isdori varandani, mahali pale pale nilipomtukania wifi. Akavua glavu. "Tangu nianze kazi hii sijaona utumbo msafi hivi," akasema. Isdori akatabasamu. Mimi sikutabasamu, nilikuwa namtazama mikono. Akasema, "Nimepiga maji chini ya ile nyama. Haikunyanyuka. Nimerudia mara tatu, upande huu, upande ule. Shuka limekwisha kushonwa kwenye godoro, mama. Waya wangu hauna kazi hapo." Kisha akauliza, si kwa ukali, na heri angeuliza kwa ukali, "Si nilisema aje Desemba?"

Isdori akanigeukia. "Si ulipeleka habari?"

Nikasema, "Sikupeleka."

Hakunipiga. Hakunitukana. Aliingia ndani kwa dada yake, akafunga mlango.

Walimpasua Mbeya. Walikuta imeshatoka nje ya utumbo, wakafunga. Tulimleta Katandala, nyumbani kwangu, akalala kwenye kitanda changu, na mimi ndiye niliyemwogesha na kumgeuza mpaka mwisho. Jioni moja nilimwambia yote: daktari alisema nini ile Ijumaa ya kwanza, Masalu alipita mara ngapi, kwa nini nilinyamaza. Niliyataja bila kujitetea. Nilitaka aniapize. Nilikuwa nimejiandaa.

Coleta akageuza kichwa. Macho yalikuwa yale yale ya siku aliyofunua vyungu vyangu.

"Mjinga wewe," akasema. "Ungenitumia tusi. Ungemwambia Masalu aje anitukane tu. Ningepanda siku hiyo hiyo kuja kukujibu."

Alikufa mwezi wa tisa, ulezi wake ukiwa kwangu kwenye debe. Isdori anapimwa kila mwaka, yuko salama, na mpaka leo, hata nikiipika mimi, akitaka togwa anakwenda kuinywa kwa jirani.